Mlo wa mkesha wa Krismasi Provence na vitamu vyake 13: nimekula, nimelipa, nasema

Nianze na bei maana najua ndo mnayoitafuta. Euro 58 mtu mzima, euro 25 mtoto, mvinyo ndani, kahawa nje. Ni mlo wa tarehe 24 Desemba usiku, kwenye nyumba ya wageni ya mzee na mkewe, kijijini karibu na Aix-en-Provence, kusini mwa Ufaransa. Jina siliweki, wana vyumba vinne tu na meza moja ndefu, na mi nina malalamiko yangu kadhaa huko chini, sitaki mtu akawasumbue wazee wa watu kwenye simu. Ila nyumba zinazopika mlo huu zipo Provence nzima, wenyewe wanauita gros souper, kwaiyo haya ntakayosema yatakufaa hata ukienda kwingine.

Nyota nne na nusu. Ile nusu imeliwa na baridi.

Sasa kwa nini nilienda huko. Mi niko mji wa Lyon mwaka wa sita huu na kila Desemba wenzangu kazini wanaongea vitu vilevile, foie gras (ini la bata aliyenoneshwa), chaza wabichi, samaki samoni wa moshi, jogoo wa eneo la Bresse, halafu keki yenye umbo la gogo na krimu mpaka kichwa kinauma. Nimeshakula hiyo meza mara tatu nyumbani kwa watu, ni meza ya heshima sipingi, ila ukitoka pale unajisikia umemeza tofali. Na mwaka wa juzi nikapeleka familia Alsace, mashariki mwa Ufaransa, kwenye masoko ya Krismasi, hiyo nayo ntaielezea maana watu wengi wanadhani Krismasi ya Kifaransa ni Alsace basi. Mwaka jana nikasema hapana, safari hii nataka kukaa mezani kwa watu, nipikiwe, nielezwe. Tukaenda watatu, mi, dada yangu na mwanangu wa miaka saba.

Kwanza kubuku. Aisee. Niliwaandikia Septemba wakajibu baada ya siku tisa, na wakataka arbuni kwa cheki. CHEKI. Kadi hawataki, kuhamisha benki hawataki, yule bibi akaniambia kwenye simu kwa sauti ya upole kabisa kwamba cheki ni kitu cha uhakika. Nimeenda benki kuomba kitabu cha cheki kwa mara ya kwanza maishani mwangu, kimefika kwa posta baada ya wiki mbili. Hili nalihesabu kama lalamiko namba moja japo sa ivi nacheka.

Kufika ni treni ya mwendo kasi mpaka Aix, saa moja na ushee toka Lyon, halafu basi, halafu mzee anakuja kukuchukua kwenye kituo na gari lenye harufu ya mbwa. Usiku kule hakuna taa barabarani, ukienda na gari lako mwenyewe fika mchana.

Tuliingia ndani saa kumi na moja jioni. Kitu cha kwanza mwanangu alichokiona ni visahani vitatu dirishani vimeota nyasi za kijani, ndefu kama kidole, zimefungwa utepe mwekundu. Akauliza hizi za sungura? Bibi akacheka akamwambia hii ni ngano, inapandwa tarehe 4 Desemba, siku ya Mtakatifu Barbara, kwenye pamba yenye maji, na inatakiwa iwe imesimama wima ifikapo Krismasi. Ikisimama vizuri mwaka utakuwa mzuri, ikioza, ndo hivo tena. Ngano ya bibi ilikuwa imesimama kama askari wa gwaride, na nina uhakika aliipa maji kwa hofu kila siku.

Pembeni kuna pango, na hapa nisimame kidogo maana pango la Provence si pango unalolijua. Kuna Yusufu na Maria sawa, ila wamezungukwa na kijiji kizima cha vinyago vya udongo vya kupakwa rangi, wanaviita santons: muuza samaki, msaga unga, mnoa visu, mwanamke na kuni kichwani, na mmoja ananyanyua mikono juu kinywa wazi, huyo ni Ravi, yule mshamba wa kijiji anayeshangaa kila kitu. Inasemwa vilishika kasi wakati wa Mapinduzi ya Ufaransa, makanisa yalipofungwa na watu wakaanza kutengeneza mapango madogo majumbani, na soko la vinyago hivi la Marseille lipo tangu 1803. Hori la mtoto Yesu lilikuwa tupu. Mwanangu akadhani kinyago cha mtoto kimepotea akaanza kukitafuta chini ya meza, kumbe kinawekwa usiku wa manane, bibi alikuwa nacho kwenye mfuko wa aproni.

Mezani tulikuwa watu kumi na mmoja, wageni sita na ukoo wao. Vitambaa vitatu vyeupe vimepandishwa kimoja juu ya kingine, vya Utatu Mtakatifu, na mishumaa mitatu. Mi nikaona kiti kimoja hakina mtu nikaweka mkoba na koti langu pale, kiti kipo wazi, tatizo nini. Bibi akaja taratibu, akaninyanyulia vitu vyangu akavipeleka kwenye msumari mlangoni, hakusema neno. Dada yangu ndo akaninong'oneza baadae, kile kiti ni cha maskini, kinawekewa sahani na glasi kabisa, akipita mtu yeyote hana pa kula usiku huo akae. Nilitamani ardhi ipasuke.

Kabla ya kula kuna shughuli ya gogo na hii ndo sehemu iliyonimaliza. Wanaita cacho-fio. Linaletwa gogo la mti wa matunda, lile letu lilikuwa la mlozi, na linabebwa na mkubwa kuliko wote pamoja na mdogo kuliko wote. Mkubwa ni kaka wa mzee, ana miaka 84. Mdogo ni wa kwangu. Basi wamelishika huku na huku, babu mbele anavuta mguu, mwanangu nyuma ametoa ulimi kama anabeba dunia, wakazunguka meza mara tatu, halafu babu akamwaga mvinyo juu ya gogo mara tatu huku anasema maneno ya Kiprovence. Nikaomba nitafsiriwe. Maana yake ni hii: mwakani kama hatutaongezeka, basi tusipungue. Yule mzee mwenye nyumba akawa anaangalia moto tu. Mwaka ule walikuwa wamezika mtu.

Haya, chakula.

Sikuambiwa kwamba hakuna nyama. Hakuna kabisa. Ni mlo wa kufunga, unaliwa kabla ya misa ya mkesha, sahani saba kwa ajili ya mateso saba ya Bikira Maria. Imekuja ya kwanza, mashina ya selari unachovya kwenye mchuzi wa dagaa wa chumvi waliopondwa na kitunguu saumu na mafuta ya zeituni, tamu, chumvi kali, unakula na mkate. Nikajua ni ya kufungulia mdomo. Ikaja supu, maji ya moto yamechemshwa na kitunguu saumu na majani ya seji, na mafuta juu, mkate umelala chini. Maji kabisa. Mwanangu akauliza kwa Kifaransa, kwa sauti, nyama inakuja lini? Meza nzima ikacheka na yule babu wa 84 akasema hilo swali anajiuliza tangu 1945.

Ila nisikilizeni, ile supu inachekesha machoni tu. Ukishakunywa bakuli la pili, kwenye kile chumba cha baridi, unaelewa ilibuniwa na watu waliokuwa hawana kitu na walitaka kulala wamepata joto. Na ndo mlo mzima ulivyo. Mboga za bustani ya Desemba: koliflawa, mashina meupe ya ile spinachi ya majani mapana yenye sosi ya dagaa, saladi kali ya kitunguu saumu. Konokono pia. Konokono wangu wawili walikuwa na mchanga, hilo lalamiko namba mbili, ukisikia unatafuna barabara ya vumbi usiku wa Krismasi hufurahi.

Sahani kubwa ya usiku ilikuwa samaki wa chumvi, morue, ametolewa chumvi siku mbili kwenye maji, amekaangwa kidogo akamaliziwa kwenye mchuzi mzito wa nyanya, mvinyo mwekundu, vitunguu na kepasi (vitumba vichachu vya maua), unaitwa raïto. Huu ningeulipia peke yake. Mchuzi mweusi kabisa, mchachu kwa mbali, umeshika samaki kama blanketi, na mkate wa kufutia sahani haukutosha tukaongezewa. Niwaambie mapema wale wasiotumia pombe, huo mchuzi ni mvinyo nusu nzima, na hautajwi ukikaa kimya. Dada yangu hanywi, alisema mapema wakati wa kubuku na walimpikia wake wa nyanya tupu bila kununa wala kuongeza bei. Nguruwe hayupo mezani hata kwa bahati mbaya, ni faida ya mlo wa kufunga. Ila mwenye mzio wa lozi na jamii yake asiende, namaanisha asiende kabisa, sababu inakuja.

Baridi sasa. Chumba ni cha mawe, kina moto mmoja mwisho kabisa ambao uliwachoma migongo watu wawili na sisi wengine tukala na makoti. Miguu niliacha kuisikia kwenye sahani ya nne. Mzee alisema nyumba ni ya zamani, ndio nimeona kuwa ni ya zamani. Blanketi kumi za magotini hazizidi bei ya jogoo mmoja wa Bresse.

Baada ya sahani ya saba watu wakavaa wakaenda misa kwa miguu, dakika kumi kwenye giza na tochi za simu. Kanisani mchunga kondoo wa kweli aliingia na mwanakondoo wa kweli ndani ya kigari kilichowashwa mishumaa, kondoo akalia katikati ya mahubiri, sitaki kusema mengi. Tulirudi saa saba usiku.

Na vitamu 13 vikawa mezani.

Hapa ndo euro 58 zilipo. Vinawekwa vyote kwa mkupuo, unatakiwa uonje kila kimoja upate bahati ya mwaka mzima. Na usifikirie keki. Nusu yake ni matunda makavu. Kuna vinne wanaviita ombaomba, mendiants, kwa ajili ya mashirika ya watawa walioishi kwa kuomba na rangi za kanzu zao: tini kavu za Wafransiskani, lozi za Wakarmeli, zabibu kavu za Wadominiko, jozi, zile kokwa za walnut, za Waagustino. Bibi alikuwa amekausha zile tini mwenyewe kwenye dari. Halafu tende. Mi kuona tende nikajiona niko nyumbani, nikachukua tatu, yule bibi akanikamata mkono akanambia subiri, angalia kokwa. Kwenye kokwa la tende kuna kialama kama herufi O. Anasema Familia Takatifu wakikimbilia Misri, Maria aliona tende akasema Ooh tunda zuri, ndo ile O ikabaki. Nimekula tende tangu sijaota meno sijawahi kukiangalia kile kialama.

Kuna nougat mbili, nyeupe laini ya asali na ute wa yai na lozi, na nyeusi, asali na lozi zimepikwa mpaka zikaungua kidogo zikawa kioo. Nyeusi ni bora mara kumi. Inanata kwenye jino, inabidi uiachie iyeyuke polepole na ukae kimya, dada yangu alikaa kimya dakika nne nzima, rekodi ya familia. Kuna machenza, kuna tikiti la kipupwe lililotunzwa toka shamba liishe, kuna mkate mwekundu wa tunda la coing, gumu kama jiwe likiwa bichi ila likipikwa na sukari linakuwa jamu ya kukata na kisu. Kuna calissons za Aix, umbo la jicho, lozi zimesagwa na tikiti lililoiva kwenye sukari, chini karatasi nyembamba kama ya hostia na juu sukari nyeupe. Kuna oreillettes, chapati nyembamba za kukaanga mpaka zinapasuka mkononi, sukari ya unga inakumwagikia kifuani.

Na kuna pompe à l'huile. Mkate mtamu wa bapa wa mafuta ya zeituni na maji ya maua ya mchungwa, umechanwachanwa kabla ya kuokwa ukabaki na matundu. Umefika karibu yangu mzima. Nikachukua kisu, mtu mzima na adabu zangu, nikate nigawe. Meza nzima: NON! Babu wa 84 amenyanyuka kwenye kiti. Kumbe ukiukata na kisu mwaka unafilisika, unamegwa kwa mkono tu. Kisu kilishagusa ukoko, kuna kialama. Wakajadiliana kama kialama kinahesabika au hakihesabiki, shemeji yao mmoja akasema inategemea kama chembe imedondoka, wakaikagua sahani, chembe haikuwepo. Nikasamehewa. Ukiumega unatoa harufu ya maua yale, unauchovya kwenye vin cuit, ambao si mvinyo wa kuchemshwa kama wa masokoni, ni maji ya zabibu yanayopikwa kwenye sufuria kubwa kwanza ndo yanaachwa yachachuke, mtamu mzito wa rangi ya kahawia. Hiyo chovya-kula ndo kumbukumbu yangu ya Ufaransa nzima kwa sasa.

Niliuliza kwa nini 13. Yesu na mitume 12, wakajibu wote kwa pamoja. Ila babu akaongeza kwamba bibi yake hakuwahi kuhesabu, walikuwa wanaweka walichonacho, na kweli hii hesabu ya 13 imeshikiliwa kuanzia miaka ya 1920 hivi, kabla ya hapo ilikuwa vitamu vingi basi. Orodha nayo haiko moja, kila kijiji kina yake na wanagombana kweli. Calissons jirani wa mezani aliyetoka Arles alisema ni matangazo ya biashara ya watu wa Aix. Bibi hakumjibu, alimsogezea sahani mbali.

Kahawa ndo lalamiko la mwisho, ya unga wa kopo, euro 2, kwenye nchi hii. Hapana.

Halafu kitu ambacho hakikuwa kwenye tangazo lao na kingetakiwa kiwe mstari wa kwanza: vitamu vinakaa mezani siku tatu. Tulipoenda kulala bibi alifunga zile ncha nne za kitambaa juu, pepo wabaya wasipande, na makombo ya chakula yakaachwa pale kwa ajili ya marehemu. Kila tarehe na kitambaa chake, kwaiyo asubuhi unakuta kingine, na vitamu vipo vilevile unapita unamega. Chumba tulilipa tofauti, euro 90 usiku mmoja kwa watu watatu, na chai ya asubuhi imo, ila kwa siku tatu sikununua chakula cha mchana. Piga hesabu mwenyewe.

Sasa Alsace, maana mtaniuliza. Kupendeza kunapendeza, tena sana. Soko la Strasbourg, Christkindelsmärik, ni la 1570, vibanda vya mbao mpaka miguuni mwa kanisa kuu, na uwanja wa Kléber mti wa karibu mita 30. Nilipenda Sélestat zaidi, mji mdogo, wana karatasi ya hesabu ya mwaka 1521 inayosema walinzi wa msitu walipwe shilingi nne wazuie watu kukata miti ya sikukuu, shilingi kabisa, nilicheka peke yangu mbele ya kioo. Kanisani kwao miti imening'inizwa juu kwenye matao, imepambwa jinsi mapambo yalivyobadilika, mwanzo matufaa na karatasi, baadae vioo. Wanasimulia kwamba 1858 ukame ulikausha matufaa kwenye milima ya Vosges, fundi mmoja wa kioo akapuliza matufaa ya kioo badala yake, na kijijini Meisenthal, upande wa Lorraine jirani, wanapuliza mpaka leo mbele ya macho yako, hapo nunua, bei ni ya halali.

Na mannele ya tarehe 6 Desemba, sikukuu ya Mtakatifu Nikolasi, kale kamkate katamu kenye umbo la mtu, macho ya zabibu, na kikombe cha chokleti ya moto, hiyo ni kifungua kinywa cha maana. Mwanangu alikula kichwa kwanza. Biskuti zao bredele zina aina nyingi sijui kuzihesabu, zile za nyota za mdalasini na za anisi ndo zangu.

Shida ya masoko ni kwamba yanakufanya pochi inayotembea. Jumamosi jioni hutembei, unasukumwa. Kikombe cha mvinyo wa moto unalipia na amana ya kikombe, halafu foleni ya kurudisha amana ni ndefu kuliko ya kununua, unaishia kubeba kikombe nyumbani, nina vinne. Na kwenye mji mmoja wa huko, sitaji, nilinunua mfuko wa bredele kwenye kibanda kilichoandikwa zimepikwa nyumbani, muuzaji na aproni yake ya maua, nilipofika hotelini nikabandua stika nikakuta chini yake stika nyingine ya kiwanda cha nchi jirani. Euro 11. Zilikuwa na ladha ya boksi. Ukienda Alsace nenda siku ya kazi asubuhi, wiki ya kwanza, na biskuti nunua kwa mwokaji mikate mwenye duka la mwaka mzima, wa vibanda wengine wapo wazuri ila huwajui.

Kwingine kwa kifupi. Lyon nawajua, Desemba tunaishi kwa papillotes, chokleti ya karatasi inayong'aa, ndani kuna kikaratasi cha maneno au utani, ofisini kwetu bakuli halikauki, na utani ni mbovu kila mwaka. Jogoo wa Bresse ni yule aliyehasiwa, ananeneshwa kwa miezi, akishachinjwa anavikwa kitambaa akashonewa ndani kama mtoto mchanga, kamuangalie kwenye maonyesho yao ya Desemba hata kama humnunui, mi bei ilinifanya nirudishe mikono mfukoni. Kaskazini wana mkate wa umbo la mtoto aliyefungwa nguo, coquille, nimeuonja mara moja, mkate mzuri. Na Januari yote utakula galette za wafalme, keki za sikukuu ya Mamajusi, mpaka uchoke, kaskazini zile za lozi, kusini duara ya mkate yenye matunda ya sukari, mtoto mdogo anaingia chini ya meza kusema kipande hiki cha nani. Ukimeza kile kidude kigumu kinachofichwa ndani usiseme hukuambiwa.

Nani aende kwenye gros souper? Mwenye haraka asiende, sisi tulianza saa moja na nusu jioni tukalala saa tisa. Mwenye watoto aende, ila mlaze mchana, wangu alisinzia kwenye kitamu cha tano na ikabidi nimuonjeshe vingine asubuhi ili bahati isipotee, bibi alisema inakubalika. Anayetaka nyama, foie gras na shampeni abaki Lyon na wenzangu wa kazini. Ukibuku uliza mambo manne: moto uko upande gani wa meza, kama konokono wanaoshwa na nani, kama vitamu ni vyao au vya kununua, na kama wanapokea kadi. Na vaa soksi mbili.

Siku ya kuondoka, tarehe 27, bibi alimpa mwanangu kisahani kimoja cha ngano kwenye boksi la viatu. Amekipakata kwenye treni mpaka Lyon, hajalala, kila mtu akipita na sanduku anakifunika kwa mkono. Kilikaa dirishani jikoni mpaka ngano ikazidi urefu ikalala, tukaihamishia kwenye ndoo barazani, mvua ikaimaliza Februari. Kisahani tumekiosha kipo. Arbuni ya mwaka huu nimeshatuma, kwa cheki, na kwenye bahasha nikaweka barua ya ile kahawa.